Bwawa linaumiza hata asiyechorewa X

Ukisikia tu kuna mradi wa bwawa, swali la kwanza mtaani ni nani kachorewa X. Mthamini anakuja na rangi nyekundu, anapiga X ukutani, anahesabu miembe, migomba mpaka choo, basi watu wanaanza hesabu za fidia. Mi kazi yangu ni ikolojia ya mito, niko huku Kigoma, na nawaambia jamani, wanaoumia sana mara nyingi hawana hata hiyo X.

Bwawa la Kariba kule mto Zambezi lilihamisha Watonga kama 57,000 miaka ya 1950, hao angalau walihesabiwa. Sasa angalia Mto Omo, Ethiopia, bwawa la Gibe III, ukuta wa mita 243. Wamursi na Wadassanech nyumba zao hazikuzama, wako chini huko, ila walikuwa wanaishi kwa mafuriko, yaani mto unafurika, maji yakirudi wanapanda mtama kwenye tope bichi, mbolea hununui, mvua huisubiri. Bwawa likashika mafuriko na tope likabaki nyuma ya ukuta, na maji yanayotoka yanafuata ratiba ya mitambo sio ya mtama. Mbele zaidi kuna Ziwa Turkana linalopata zaidi ya asilimia 80 ya maji yake kutoka Omo, wavuvi wa Kenya nao wamo humo humo. Nani alipe fidia ya mafuriko ambayo hayajaja?

Kuna wanaosema bwawa dogo halina shida. Mto Kihansi, hapa hapa Tanzania, bwawa lake ni dogo tu, lakini maji yakapelekwa kwenye mitambo, manyunyu ya maporomoko yakakatika, na chura mdogo aliyekuwa akiishi kwenye manyunyu hayo, aliyegunduliwa mwaka 1996, ambaye hakuwepo popote pengine duniani, mwaka 2009 akatangazwa katoweka porini.

Ndo maana mradi wa umeme wa maporomoko ya Igamba, kwenye mto Malagarasi, nauangalia kwa jicho la karibu. Umeme tunautaka, nani asiyekumbuka majenereta ya dizeli Kigoma hii! Ila huu mto una samaki wenye undugu na wa Kongo, na juu kule kuna ardhi oevu ya Malagarasi-Muyovozi, ya kwanza nchini kuingia Ramsar, yaani mkataba wa kimataifa wa kulinda ardhi oevu, mwaka 2000. Kwa hiyo mkutano wa kijiji ukiitwa, ukishamaliza ya fidia uliza na hili: mwezi wa tisa mto umepungua, mkondo wa zamani, ule ambao maji yake yanapelekwa mitamboni, utaachiwa maji kiasi gani, na atakayeyapima ni nani?