Mstari wa sifuri kwenye matriksi haumaanishi "haina jibu"

Jamani hii ya "ukipata mstari wa sifuri tupu basi hesabu haina jibu" nimeisikia kwa madogo wa tuisheni hapa Chuga (Arusha) mpaka nimechoka, na juzi kaisema mtu anayefundisha kabisa.

Matriksi iliyoongezwa ni saimoltenias zako, yaani milinganyo unayoitatua kwa pamoja, zimevuliwa herufi zikabaki namba tu, halafu yale majibu ya kulia unayaweka kama safu ya mwisho nyuma ya kamstari ka wima, na kamstari kenyewe kanashika nafasi ya alama ya sawasawa. Unabadilishana mistari, unazidisha mstari kwa namba isiyo sifuri, unajumlisha mstari kwenye mwenzake, mpaka kona ya chini kushoto ibaki sifuri. Watu wanaiita njia ya Gauss, wakati Gauss, mwanahisabati wa Kijerumani, kazaliwa 1777 na Wachina walikuwa wanaifanya kwa vijiti vya kuhesabia zamani sana, mwanahisabati wao Liu Hui kaiandikia maelezo mwaka 263. Haya tuendelee.

Chukua soko la Kilombero. Mteja wa kwanza kabeba nyanya kilo 2 na kitunguu kilo 1, kalipa 7,000. Wa pili nyanya kilo 4, kitunguu kilo 2, kalipa 14,000. Unataka bei ya kilo, kwa hiyo mistari yako ni 2 1 | 7,000 na 4 2 | 14,000. Ukitoa mstari wa kwanza mara mbili kwenye wa pili unapata 0 0 | 0, sasa hapo nani kasema haina jibu? Mteja wa pili kanunua vilevile mara mbili tu, hajakuambia kitu kipya, kwa hiyo nyanya inaweza kuwa 2,000 na kitunguu 3,000, au nyanya 2,500 na kitunguu 2,000, yote inakubali. Majibu ni mengi mno!

Ila huyo wa pili angelipa 15,000 kwa bei zilezile ungepata 0 0 | 1,000, yaani sifuri ni sawa na elfu moja, na hiyo ndiyo haina jibu. Kinachoua ni namba iliyobaki nyuma ya kamstari wakati mbele yake kumekauka.

Halafu kuna wale waliokariri kwamba sifuri tupu ni "majibu mengi" siku zote, nao wanakosea. Rudisha ile 14,000, ongeza mteja wa tatu, nyanya kilo 1 na kitunguu kilo 1 kwa 5,000. Mstari wa sifuri bado upo palepale, lakini jibu ni moja tu, nyanya 2,000 kitunguu 3,000, kwa sababu mistari miwili iliyobaki inatosha vitu viwili unavyotafuta.

Kwa hiyo dogo, ukikutana na 0 0 | 0 usiandike chochote kwanza, uruke, angalia hakuna mstari wenye namba nyuma ya kamstari peke yake, ndio uhesabu mistari iliyobaki hai ni mingapi na herufi zako ni ngapi: zikilingana jibu ni moja, mistari ikiwa michache kuliko herufi majibu ni mengi.