Dampulingi si Chapati, Acheni Kukanda

"Mwalimu, zangu zimekuwa ngumu. Nadhani sikukanda vya kutosha."

Jumamosi iliyopita nimeambiwa tena, kuhusu dampulingi, vile vipande vya donge la unga wa ngano vinavyochemshwa ndani ya supu ya kuku. Niliweka mwiko chini, nikahesabu moyoni mpaka kumi. Nafundisha mapishi ya Kusini mwa Marekani hapa Clarkston, Georgia, na darasa langu karibu lote ni watu wetu: Wakongo wa Bukavu na Uvira, Warundi, Wakenya, Watanzania wachache. Ni wapishi hodari, hakuna wa kuelekezwa namna ya kuwasha jiko. Shida yao ni moja tu: mikono yao imelelewa na chapati.

Huyo mama alikuwa ameukanda unga robo saa nzima mpaka ukang'aa, laini kama shavu la mtoto. Kwa chapati, ungempa zawadi. Alipousukuma ulikuwa unarudi nyuma kila akiinua kifimbo. Akaukata vipande, akavitumbukiza kwenye supu ya kuku, na baada ya dakika 15 tukakaa mezani kutafuna kandambili.

Sasa sikilizeni, maana sitaki kulirudia. Unga wa ngano ukilowa, protini zake hushikana na kufanya gluteni, na kila unapokanda unazikaza nyuzi zake. Kwenye chapati tunazitaka, kwa sababu donge litasukumwa, litapakwa mafuta, litakunjwa na kusukumwa tena bila kuchanika. Dampulingi haipiti huko kote. Inatoka ubaoni inaingia kwenye supu, na gluteni iliyokazwa ikipata maji ya moto inashikana vilevile ilivyo, kama mpira. Kwa hiyo zikiwa ngumu, umekanda mno. Anayerudi nyumbani akaongeza dakika kumi za kukanda atapata viatu vya jozi ya pili.

Ninavyofanya mimi: vikombe viwili vya unga, kijiko kimoja cha chai cha bekin pauda, nusu kijiko cha chumvi. Chukua siagi baridi vijiko vitatu vya chakula (wenyeji wengi hutumia mafuta ya nguruwe, anayekula na atumie), isugue kwenye unga kwa ncha za vidole mpaka uwe chengachenga. Mafuta yakishazizunguka chembe za unga, maji hayazifikii kirahisi, na gluteni inapungua. Mimina mtindi baridi kama robo tatu ya kikombe, koroga kwa uma mpaka usione unga mkavu. Likusanye donge, libonyeze mara sita au saba, uishie hapo. Litakuwa na mikunjo na mabonde, utaona aibu mtu asije akalichungulia. Liache na ubaya wake. Kuna wanafunzi ninaowaambia waweke mkono mmoja nyuma ya mgongo, na wala sitanii.

Unga nao una lake. Wapishi wa Kusini wamezoea ngano laini. White Lily, unga ulioanzia Knoxville, Tennessee, mwaka 1883, una protini asilimia 8 hadi 9 hivi. Unga wa mkate unafika 12 au 13. Bibi wa hapa akipitiliza kidogo mkono wake, dampulingi zake bado zinalika. Wewe uliyebeba mfuko wa unga wa mkate kwa kuwa ulikuwa na punguzo, umeianza safari ya kandambili kabla hujagusa maji.

"Lakini zisipokandwa si zitasambaratika?" Zinasambaratishwa na moto. Supu ikitokota kwa fujo hata donge zuri litavurugika. Punguza moto mpaka uone mapovu madogo pembeni mwa sufuria, tia kipande kimoja kimoja, halafu mwiko uupumzishe. Ukitaka kuchanganya, shika masikio ya sufuria uitikise.

Hapo pia ndipo penye ugomvi wa kifuniko. Dampulingi za kudondosha kwa kijiko, kama tunavyodondosha kalimati, huelea. Chini zinapikwa na supu, juu zinapikwa na mvuke. Funika dakika 15 na usifunue, hata kama mjomba anataka kuona. Ukifunua mvuke unatoka na katikati panabaki unga mbichi. Za kusukuma na kukata, nene kama milimita 3, zinazama ndani ya supu, hazina haja na masharti hayo. Na msinisumbue kuuliza zipi ndizo za kweli. Zote ni za Kusini. Mashariki mwa North Carolina zile bapa wanaziita pestri kabisa. Mimi nakula za kusukuma.

Wengine huongeza unga wa mahindi laini ili supu iwe nzito. Wa nini? Unga mkavu ulionyunyiza ubaoni unaingia sufuriani pamoja na dampulingi, na huo unatosha kuifanya nzito. Usiukung'ute.

Minofu ya kidari isiyo na mfupa nayo hainipendezi. Supu inapata uzito wake kwenye mifupa, ngozi na miguu, kolajeni, ile protini iliyomo humo, inapoyeyuka. Weka kuku mzima na kitunguu na karoti, na pilipili manga usiionee huruma. Kidari kikifika nyuzi 74 za Selsiasi mtoe kuku, chambua nyama, kisha mifupa irudi sufuriani iendelee kuchemka. Ukipata kuku mtagaji aliyezeeka, wale wa kuchemshwa saa mbili au tatu, umebahatika. Zamani mlo huu ulikuwa kazi yake.

Na ile hadithi kwamba chakula hiki kilibuniwa wakati wa mdororo mkubwa wa uchumi, ule ulioanza 1929? Kimo katika kitabu cha mapishi cha Virginia cha mwaka 1879. Njaa ya miaka ya thelathini ilikikuta jikoni.

Mwisho, mama mmoja aliniletea kopo la mabaki ya jana akilalamika kwamba yameharibika, supu yote imekauka. Hayakuwa yameharibika. Dampulingi hunywa supu usiku kucha, hata ndani ya friji. Siku ya kupika toa vikombe viwili vya supu kabla hujatia unga, viweke pembeni. Kesho yake pashia navyo kwa moto mdogo, bila kukoroga.