Plagini za zamani: yanayosemwa na yaliyo kweli

Nikimwuliza kijana anayetaka plagini mpya (programu ndogo inayochomekwa ndani ya programu ya kutengenezea muziki) tayari anatumia zipi, mara nyingi hutaja Synth1 kwa sauti ya chini, kama anayekiri kosa. Kosa liko wapi? Synth1 ni sinti, yaani ala inayounda sauti kielektroniki, ya bure, iliyotengenezwa na Mjapani Ichiro Toda mapema miaka ya 2000 kwa kuiga kinanda cha Nord Lead 2, na mpaka leo inapiga.

“Plagini ya zamani ina sauti ya kizamani.” Mara nyingi kilichozeeka ni priseti (sauti iliyopangwa tayari) ya kwanza, ile kila mtu keshaitumia, na mwangwi uliomiminwa juu yake. Zima efekti zote. Funga filta, kichujio cha sauti, mpaka sauti iwe kama inatoka chumba cha pili, kisha ifungue taratibu kiitikio kinapokaribia. Msikilizaji hataujua umri wake.

Lipo jambo moja la kweli hapa. Piga wimbi la msumeno, lile la sauti kali, kwenye oktava za juu kabisa, halafu vuta gurudumu la kupandisha noti. Kwenye sinti nyingi za zamani utasikia miluzi hafifu ikishuka huku noti inapanda. Sinti ikitoa sauti kwa sampuli (vipimo vya sauti) 44,100 kwa sekunde, chochote kinachopita 22,050 Hz hurudi chini kama sauti bandia, na kompyuta za wakati ule hazikuwa na nguvu za kutosha kuizuia vizuri. Kwenye besi ni nadra kuisikia. Ukizihitaji noti za juu, toa traki hiyo kwa sampuli 96,000, kisha irudishe kwenye wimbo wako.

“Biti 64 zina sauti safi kuliko biti 32.” Hili limewafanya wengi watupe vitu vizuri. Biti hizo zinahusu kumbukumbu ya kompyuta: programu ya biti 32 haifikii zaidi ya GB 4 za RAM. Usafi wa sauti ni habari nyingine. Sinti inayokokotoa mawimbi yenyewe hutumia kumbukumbu kidogo mno. Atakayebanwa ni mwenye sampla (plagini inayopiga sauti zilizorekodiwa) iliyopakia piano kubwa.

“Ikifunguka leo, itafunguka kesho.” Hii ndiyo inayoniuma. Programu ya muziki ya Cubase 9 ya mwaka 2016 ilibaki na biti 64 pekee. Mwaka 2019 macOS Catalina ikafunga mlango kwa programu zote za biti 32. Januari 2022 Steinberg, watengenezaji wa Cubase walioanzisha VST (mfumo wa kuunganisha plagini na programu za muziki) mwaka 1996, wakatangaza kuiondoa VST2, toleo lake la zamani, kwenye programu zao. Kwenye Windows bado kuna daraja la kuziendesha plagini za biti 32 ndani ya programu ya biti 64: programu ya muziki ya FL Studio hulijenga yenyewe, na wengine hutumia programu ya jBridge. Mimi nilichelewa. Nilifungua wimbo wangu wa zamani nikakuta noti za filimbi zimejipanga zote, vitufe vidogo vya kijani toka mwanzo hadi mwisho, na kimya. Plagini imebaki jina tu. Siku hizi simalizi wimbo bila kutoa kila traki kama WAV (faili la sauti yenyewe), na natunza MIDI (faili la noti), faili la kusakinishia, namba ya leseni, hata picha ya skrini ya mipangilio.

“Haiuzwi tena, basi ni ya bure.” Hapana. Kampuni ikiacha kuuza, hakimiliki haifi, na nakala zilizovunjwa kinga yake zinaweza kukuletea virusi. Ya bure ni ile ambayo mwenyewe kaitoa bure. Dexed ni mojawapo: inaiga kinanda cha Yamaha DX7 cha mwaka 1983 na kusoma priseti za kinanda chenyewe. Faili moja lina priseti 32 na ukubwa wa baiti 4,104 tu. Priseti ambayo mtu aliitengeneza kwa vidole kwenye DX7 miaka ya themanini, akaihifadhi kwenye faili la namna hiyo, unaifungua leo usiku chumbani kwako na inalia.