Siku 28 za likizo: ni siku zipi?

Wiki iliyopita niliwekewa mezani karatasi mbili za mafao, yaani malipo ya mwisho ya mtu anayeondoka kazini, kutoka kwa waajiri wawili wasiojuana. Ya kwanza ilikuwa imempunja mfanyakazi malipo ya likizo. Ya pili ilikuwa imemzidishia, na mwajiri akitaka kurudishiwa pesa yake. Kosa ni lile lile moja, ninalokutana nalo tangu nianze kushughulika na mishahara: watu wanadhani siku ni siku. Wanachukua siku 28 za sheria, wanazizidisha kwa "mshahara wa siku", na hakuna anayejiuliza hiyo siku ya kwanza na hiyo ya pili ni siku za aina gani.

Naandika kuhusu Tanzania Bara na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004. Zanzibar wana sheria yao ya 2005, msichukue hesabu za hapa mkazipeleka huko.

Kifungu cha 31 kinamtaka mwajiri ampe mfanyakazi angalau siku 28 mfululizo kwa kila mzunguko wa likizo, na sikukuu zikiangukia humo ndani zimo humo humo. Mzunguko ni miezi 12 ya ajira, kuanzia siku uliyoajiriwa au pale mzunguko uliopita ulipoisha. Aliye chini ya miezi sita kazini hana likizo hii, isipokuwa kibarua wa msimu, na yule anayeitwa na mwajiri mmoja mara kadhaa ndani ya mwaka hadi jumla ikapita miezi sita. Hayo hayana ugomvi mkubwa.

Ugomvi uko kwenye neno "mfululizo". Mfululizo maana yake ni kwamba ukitoka Jumatatu, unahesabu Jumatatu, Jumanne, mpaka Jumamosi na Jumapili, unaendelea hivyo hivyo hadi 28. Ni siku za kalenda. Nane Nane ikiangukia katikati, imeliwa. Huongezewi siku nyingine mwishoni. Kwa hiyo siku 28 ni wiki nne kamili. Anayefanya kazi siku sita kwa wiki anakosekana kazini siku 24 za kazi, na wa siku tano anakosekana siku 20. Wote wamepata likizo sawa, wiki nne.

Kila nikilisema hili kwenye mafunzo, kuna mtu anainua mkono: "Lakini siku 28 ni siku za kazi." Hapana. Ukitaka siku 28 za kazi utazitafuta kwenye mkataba wako au mkataba wa hali bora (makubaliano ya chama cha wafanyakazi na mwajiri), kwa sababu sheria imeweka kiwango cha chini tu na mwajiri anaruhusiwa kutoa zaidi. Na hapa waajiri nao wasikilize. Nimeona sera za kampuni zilizoandikwa "siku 28 za kazi" na mtu aliyenakili bila kufikiri. Ukishaandika hivyo, umeahidi. Mfanyakazi wako wa siku tano sasa ana wiki tano na siku tatu za likizo, na huwezi kuja mwaka wa tatu ukasema ulimaanisha kalenda.

Sehemu ya mkanganyiko huu nadhani inavuka mpaka. Sheria ya Ajira ya Kenya ya 2007 inatoa siku 21 na inasema wazi kuwa ni siku za kazi. Kampuni yenye ofisi Nairobi na Dar es Salaam inatumia faili moja la Ekseli, mtu anabadilisha 21 kuwa 28, anaamini amemaliza. Kisha wafanyakazi wa huku wanaambiwa kuwa Watanzania wamependelewa, wana wiki nzima zaidi. Piga hesabu. Mkenya wa siku tano kwa wiki, siku zake 21 ni wiki nne na siku moja. Anamzidi Mtanzania mwenye wiki nne. Mkenya wa siku sita ana wiki tatu na nusu, huyo anazidiwa. Ukilinganisha 21 na 28 bila kutaja aina ya siku, hujalinganisha chochote.

Sasa tuje kwenye pesa, maana huko ndiko watu wanakoumizwa.

Ajira ikikoma, mfanyakazi anadai likizo ya mzunguko uliokamilika ambayo hakuichukua, na anadai sehemu ya mzunguko uliokuwa unaendelea. Hiyo sehemu sheria imeipa kanuni yake: mshahara wa msingi wa siku moja kwa kila siku 13 alizofanya kazi, au alizostahili kufanya kazi. Watu wanaichukulia 13 kama namba iliyodondoka kutoka mbinguni. Asili yake ni hii: wiki 52 ni siku 364, gawa kwa 13 unapata 28 kamili. Wiki nne katika wiki 52 ni moja ya 13.

Uzuri wa kanuni hiyo ni kwamba haijali unahesabu siku gani, mradi ubaki kwenye aina moja toka mwanzo hadi mwisho. Wa siku sita kwa wiki ana siku 312 za kazi kwa mwaka. Gawa kwa 13, unapata 24. Wa siku tano ana 260, unapata 20. Ni zile zile wiki nne. Hesabu inaharibika pale unapopata jibu kwa siku za kalenda kisha ukalizidisha kwa mshahara wa siku ya kazi, au kinyume chake.

Na mshahara wa siku ya kazi haupatikani kwa kugawa mshahara wa mwezi kwa 30! Jedwali lililo mwishoni mwa Sheria linaonyesha namna ya kubadilisha viwango: mshahara wa mwezi unagawa kwa 4.333 kupata wa wiki, kisha wa wiki unaugawa kwa idadi ya siku ambazo mtu huyo hufanya kazi kwa wiki. Hiyo 4.333 ni wiki 52 zilizogawanywa kwa miezi 12. Jedwali hilo liko wazi, halihitaji wakili, na bado kila mwezi naona 30, naona 26 kwa kila mtu hata wa siku tano, naona 22.

Chukua mtu mwenye mshahara wa msingi wa shilingi 650,000 kwa mwezi, anafanya kazi siku sita. Kwa wiki ni shilingi 150,012. Kwa siku ya kazi ni 25,002. Mzunguko wake ulianza tarehe 1 Februari 2025, akaacha kazi tarehe 31 Agosti. Kipindi hicho kina siku 212 za kalenda. Toa Jumapili 31, zinabaki siku 181 za kazi. Gawa 181 kwa 13, unapata siku 13.92. Zidisha kwa mshahara wa siku ya kazi: shilingi 348,104.

Rudia kwa kalenda. 212 kwa 13 ni 16.31. Mshahara wa wiki ukiugawa kwa siku saba ni 21,430. Jibu ni shilingi 349,477. Tofauti ya njia hizi mbili ni kama shilingi 1,400, nayo inatokana tu na kipindi hicho kuangukiwa na Jumapili moja ya ziada mwishoni. Sigombani na mtu kwa tofauti hiyo.

Sasa changanya. Siku 16.31 za kalenda kwa 25,002 ya siku ya kazi: 407,724. Ndiyo karatasi ya pili niliyoletewa, kwa mtindo huo huo. Kisha siku 13.92 za kazi kwa mshahara uliogawanywa kwa 30, yaani 21,667: shilingi 301,667. Ndiyo karatasi ya kwanza. Mtu mmoja, kazi ile ile, miezi ile ile, na kati ya majibu hayo mawili kuna zaidi ya shilingi 106,000. Kwa anayelipwa 650,000 hiyo ni karibu mshahara wa siku nne na robo. Ni kodi ya chumba. Usiniambie ni mambo ya desimali.

Wale wanaotumia 2.33 kwa mwezi, yaani 28 kwa 12, hawajakosea sana kwa kufuatilia likizo ndani ya mwaka. Ila wakumbuke kwamba hizo nazo ni siku za kalenda, na kwamba mafao sheria imeyawekea 13.

Zingatia pia kuwa ni mshahara wa msingi. Posho ya nyumba, saa za ziada, nyongeza ya kazi za usiku na ya kufanya kazi Jumapili hazimo. Lakini hapa siko tayari kusema kwa sauti kubwa kama nilivyosema juu. Sehemu ya likizo katika Sheria inaeleza kuwa malipo ya likizo yanakokotolewa kwa mshahara wa msingi. Kifungu cha 31 chenyewe kinamtaka mwajiri, kabla likizo haijaanza, amlipe mfanyakazi ujira ambao angelipwa kama angekuwa kazini, na ujira ni neno pana kuliko mshahara wa msingi. Kwa anayekwenda likizo nawashauri waajiri wamlipe kile anachopokea kila mwezi, pamoja na posho za kudumu. Kwa anayeondoka kazini, natumia msingi, kwa kuwa kanuni ya 13 inautaja kwa jina. Najua wenzangu wanaotumia msingi kote, na siwezi kuwaonyesha mstari unaowafunga mdomo.

Kuna shaka nyingine inayonisumbua zaidi. Mfanyakazi akiomba siku moja moja za kwenda kushughulikia mambo yake, na mwajiri akazilipa, sheria inaruhusu zipunguzwe kwenye 28. Sawa. Sasa mfanyakazi wa siku tano ameomba Ijumaa moja. Tunatoa siku moja kwenye 28 za kalenda? Ukifanya hivyo, na akazimaliza zote kwa Ijumaa moja moja, amekosekana kazini siku 28 za kazi, wakati mwenzake aliyetoka mfululizo amekosekana 20. Ofisi nyingi zinatatua hili kimya kimya kwa kuandika kwenye mfumo kwamba wa siku tano ana siku 20 na wa siku sita ana 24, kisha zinakata kwa siku za kazi. Nami nafanya hivyo, na naona ni haki kwa pande zote. Lakini ukisoma maneno ya kifungu kama yalivyo, siku moja inapunguza siku moja kwenye 28, na mfanyakazi akisimama mbele ya msuluhishi na hoja hiyo, sitamwita mkorofi. Ndiyo maana nasisitiza ubadilishaji huo uandikwe kwenye sera na mfanyakazi ausome kabla ya kuomba siku ya kwanza. Usimletee hesabu hiyo siku anaondoka.

"Alizostahili kufanya kazi" nayo ina mambo. Mama aliyekuwa kwenye uzazi siku 84, mgonjwa aliyelazwa mwezi, siku hizo ninazihesabu zote. Mzunguko wa likizo ni miezi 12 ya ajira, na ajira haikukatika kwa sababu mtu amelazwa. Sheria pia inamkataza mwajiri kumlazimisha mtu atumie likizo ya mwaka mahali pa likizo nyingine anayostahili, kwa hiyo ile tabia ya kumwambia mgonjwa "tutakukata kwenye annual" ikome. Likizo bila malipo aliyoiomba mwenyewe kwa miezi mitatu ndiyo inayonipa kazi: hakufanya kazi, na sidhani alistahili kuifanya, lakini alikuwa bado mwajiriwa. Mimi huziondoa kwenye hesabu ya 13 kama barua ya ruhusa ilisema hivyo. Barua ikikaa kimya, nazihesabu, kwa kuwa aliyeandika barua ni mwajiri.

Nimalizie na malimbikizo. Mwajiri ndiye anayepanga likizo ichukuliwe lini, lakini isizidi miezi sita baada ya mzunguko kuisha, au 12 kama mfanyakazi amekubali na kazi kweli inadai hivyo. Kuna waajiri wanaokaa na mtu miaka minne bila kumpangia likizo, kisha siku ya mwisho wanamwambia muda umepita, amepoteza. Sheria inayo maneno ya kuwasaidia, kuhusu asiyechukua likizo ndani ya muda. Mimi naanza na mstari wa kwanza wa kifungu: wajibu wa kutoa likizo ni wa mwajiri. Mtu aliyeomba kwa maandishi akanyimwa hakuacha kuchukua, alizuiwa. Mfanyakazi, tunza nakala ya fomu uliyokataliwa, hata picha ya simu. Na ukipewa karatasi ya mafao usiyoielewa, usiiweke kabatini: madai kama haya kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi yana siku 60, na ukiwa unapinga na kuachishwa kwenyewe ni siku 30. Hizo nazo ni za kalenda.