Wiski ya Kusagwa na Barafu: Baridi Inaficha, Haipunguzi

Mwishoni mwa mwaka, kabla mvua hazijakolea, joto la Mtwara huungana na unyevu wa bahari mpaka mtu akatamani kulala sakafuni. Katika majira hayo, wageni wanapokusanyika barazani jioni, mwenye nyumba anayetumia vileo hutoa blenda jikoni na kuandaa kokteli ya wiski iliyosagwa pamoja na barafu. Kinywaji chenyewe hakina siri kubwa, kwani ni wiski, kitu kichachu, kitu kitamu na barafu, vyote vikisagwa mpaka viwe kama uji mzito unaonyonywa kwa mrija au kuliwa kwa kijiko. Hata hivyo, maneno yanayosemwa kukihusu ni mengi kuliko viungo vyake, na mengi kati ya hayo yanatokana na kosa moja, yaani kudhani kwamba baridi hubadilisha kilichomo ndani ya glasi, ilhali kwa sehemu kubwa hukificha tu. Ninawaandikia watu wazima waliotimiza miaka 18 na ambao tayari wanakunywa. Asiyekunywa, kwa sababu ya dini, afya au kwa kupenda kwake, hana haja ya kuanza, na mchanganyiko nitakaoutaja hapa chini unapendeza vilevile bila wiski.

Dhana: Barafu huua makali ya pombe

Hii ndiyo dhana ninayoihofia kuliko zote, na ndiyo maana ninaianza. Mililita 30 za wiski yenye kilevi cha asilimia 40 hubeba mililita 12 za kilevi halisi, ambazo ni takriban gramu 9.5. Ukizisaga na vipande vitatu vya barafu au ukizisaga na kilo nzima, gramu hizo hubaki zilezile, kwa sababu barafu inaongeza maji na haiondoi chochote. Kinachobadilika ni namna mdomo na pua vinavyopokea kinywaji. Baridi hutia ulimi ganzi, huzuia mvuke wa kilevi usipande puani, na ule muunguzo wa kooni ambao kwa kawaida humwambia mnywaji kwamba sasa apunguze mwendo hausikiki tena. Ukiongeza sukari na ndimu juu yake, mtu mzima mwenye akili timamu anaweza kumaliza glasi tatu akidhani amekunywa juisi.

Nililiona hilo nyumbani kwangu. Shemeji yangu, ambaye hunywa kwa nadra, alinyoosha glasi mara ya tatu akasema, "Shemeji, ongeza tu, hii si juisi?" Kila glasi ilikuwa na mililita 45 za wiski, na hapo alikuwa ameshapokea karibu gramu 28 za kilevi katika muda usiozidi saa moja. Nilimjibu, "Hapana shemeji, hii ni wiski, na hiyo ya tatu nakuwekea chai na ndimu peke yake." Alipoinuka kwenda ndani ndipo alipoamini. Ini la mtu mzima huhitaji takriban saa moja, na kwa wengine zaidi, ili kuvunjavunja gramu 10 za kilevi, na hakuna kinachoweza kuliharakisha. Madafu ya Lindi ni matamu na hurudisha maji mwilini, kahawa huondoa usingizi, na kuoga maji ya baridi huchangamsha mwili, lakini vyote vitatu havitoi kilevi kwenye damu, na aliyekunywa hatakiwi kushika usukani wala kupanda bodaboda kama dereva, hata kama anajisikia mwepesi.

Dhana: Ukitaka kigande vizuri ongeza wiski, kwani sukari ni ya ladha tu

Aliyewahi kuacha chupa ya wiski ndani ya friza usiku kucha anajua kwamba asubuhi huikuta bado inamiminika. Wiski ya asilimia 40 huanza kuganda karibu nyuzi 27 chini ya sifuri, ilhali friza ya nyumbani hulengwa ifike nyuzi 18 chini ya sifuri, na friza zetu, zenye kufunguliwa kila mara na kuzimika umeme unapokatika, mara nyingi hazifiki hata huko. Kwa hiyo, wiski ndiyo inayozuia mchanganyiko usigande, na kadiri unavyoizidisha ndivyo unavyopata maji baridi badala ya uji wa barafu.

Sukari nayo hushusha kiwango cha kuganda, lakini kwa njia yenye faida. Sehemu ya maji hubaki kama shira nyembamba kati ya punje za barafu, na shira hiyo huzizuia zisishikane kuwa bonge moja. Kinywaji kisicho na sukari ya kutosha hujitenga ndani ya dakika chache, kokoto za barafu zikaelea juu na wiski iliyokolea ikabaki chini, na anayenyonya kwa mrija huanza na ile ya chini. Mwaka 1971, Mariano Martinez, mwenye mgahawa mjini Dallas, Marekani, aligeuza mashine ya aiskrimu laini ili itoe margarita iliyogandishwa, ambayo ni kokteli ya tequila, na mashine hiyo sasa imehifadhiwa katika makumbusho ya Smithsonian mjini Washington. Ilifanikiwa kwa sababu ya uwiano wa sukari, kilevi na maji, na uwiano huohuo ndio unaotakiwa kwenye blenda ya nyumbani.

Mimi hutumia vipimo hivi kwa glasi mbili: wiski mililita 90, chai ya rangi iliyopoa mililita 120, maji ya ndimu mililita 45, shira mililita 75 na barafu gramu 300. Shira ninaitengeneza kwa sukari na maji vya uzito sawa, vikichemshwa mpaka sukari iyeyuke, kisha vikaachwa vipoe kabisa. Chai isikae na majani zaidi ya dakika tano, la sivyo ukali wake utazidi. Kwa kuwa ulimi uliopoa husikia utamu kwa shida, onja mchanganyiko kabla ya kuweka barafu, na uwe mtamu na mchachu kidogo kupita unavyopenda. Ukionekana sawasawa wakati huo, ukishasagwa utakuwa chapwa.

Dhana: Kukiwa na pombe, barafu ya maji yoyote ni salama

Baridi huwalaza vijidudu wengi bila kuwaua, na barafu inapoyeyuka wao huamka. Kilevi huua vijidudu vizuri kinapokuwa kati ya asilimia 60 na 90, lakini kinywaji cha vipimo nilivyotaja, barafu ikishayeyuka yote, hubaki na chini ya asilimia 6. Maji yaliyobeba vimelea vya kuhara au kipindupindu hayasafishwi kwa kutiwa wiski. Chemsha maji, yaache yapoe yakiwa yamefunikwa, kisha yagandishe kwenye chombo safi chenye kifuniko.

Kwa mkazo zaidi nitaje barafu ya mabonge inayouzwa kwenye maeneo ya kuhifadhia samaki. Ni barafu ya kazi, haikuandaliwa kwa ajili ya kunywewa, huburutwa chini na hupasuliwa kwa chuma kilekile kinachogusa samaki. Nimeiona ikisagwa kwenye sherehe kwa sababu ya nyumbani ilikuwa imekwisha, na ladha ya ndimu iliifunika harufu yake kabisa, jambo ambalo lilinitia wasiwasi kuliko harufu yenyewe. Barafu ya nyumbani ikiisha, kokteli imekwisha.

Dhana: Wiski ghali ndiyo inayofaa, na ikikosekana gongo lafaa pia

Dhana hizi mbili zinapingana, lakini husikika barazani pamoja. Kuhusu ya kwanza, harufu za wiski, zile za vanila, moshi na matunda makavu zinazotokana na nafaka na mapipa ya mwaloni, huhitaji joto kidogo ili zipande puani. Wiski ya Uskoti hukaa kwenye pipa la mwaloni si chini ya miaka mitatu, na ile iliyokaa miaka 18 ukiisaga na barafu umegandisha kile hasa ulicholipia. Wiski ya kawaida iliyofungwa kiwandani na kununuliwa kwenye duka lenye leseni inatosha. Bourbon ya Marekani, ambayo angalau asilimia 51 ya nafaka zake ni mahindi, huelekea utamu na hukubaliana vizuri na chai na machungwa. Konyagi yetu si wiski, haina ladha ya pipa, na kinywaji kitakachopatikana kitakuwa kingine, ingawa si kibaya.

Kuhusu gongo sina maneno laini. Katika mikoa hii ya korosho, mabibo yanapoiva watu hukamua na kupata uraka, yaani pombe ya mabibo, na wengine huuchemsha na kuukusanya mvuke wake kuwa gongo. Sheria inalikataza, na hatari yake ni ya kweli, kwani pombe iliyochemshwa bila vipimo inaweza kuwa na methanoli, ambayo hata kwa kiasi kidogo huweza kupofusha na kuua. Wapo wanaosema kwamba kuigandisha huitenga sumu hiyo. Methanoli huganda karibu nyuzi 98 chini ya sifuri, kwa hiyo friza ya nyumbani haiwezi kuigusa. Wapo pia wanaoiwasha na kuangalia rangi ya moto, lakini kilevi cha kawaida nacho huwaka kwa moto wa buluu, hivyo kipimo hicho hakithibitishi chochote. Mtu aliyekunywa kisha akaanza kuona ukungu, kuumwa tumbo au kuhema kwa shida apelekwe hospitali saa hiyohiyo, asisubiriwe alale.

Mabibo yenyewe, yakiwa yameiva na safi, yanafaa kwenye kokteli, lakini kwa uangalifu. Ule ukali unaokaba koo hutokana na tanini, na wiski nayo huchukua tanini kutoka kwenye pipa, huku chai ikiwa na zake. Ukiviweka vyote vitatu kinywa hukauka kana kwamba umetafuna ganda la ndizi mbichi. Ukitumia maji ya mabibo, ondoa chai, chuja vizuri, na kipimo kisizidi mililita 60 kwa glasi mbili. Jaza nafasi iliyobaki kwa maji ya machungwa.

Dhana: Kadiri unavyosaga ndivyo kinavyolainika

Blenda hutoa joto, na barafu iliyosagwa huyeyuka haraka. Weka vimiminika kwanza, kisha barafu iliyopasuliwa vipande visivyozidi ukubwa wa ndimu, washa na kuzima mara tano au sita, halafu saga mfululizo kwa takriban sekunde 20. Bonge kubwa huweza kupasua jagi la kioo, na kioo kilichosagika hakionekani ndani ya barafu. Jagi likipasuka, mwaga kila kitu.

Wanaopenda tui wajue kwamba mafuta ya nazi huganda yanaposhuka chini ya nyuzi 24 hivi, ndiyo maana tui zito likikutana na barafu ghafla hufanya chembe nyeupe kama nta. Lisage kwanza na shira, na barafu iingie mwisho.

Kinachobaki huhifadhiwa kwenye friza ndani ya chombo kipana, kikikorogwa kwa uma kabla ya kugawiwa tena. Hapa kuna jambo ambalo wenye nyumba husahau. Uji huu wa barafu uliogandishwa unaweza kudhaniwa kwa urahisi kuwa ni barafu za ubuyu na ukwaju ambazo watoto wetu huzifuata kwenye friza wakitoka shule, na mwili wa mtoto huzidiwa na kilevi kidogo sana. Usiuweke kwenye vifuko wala vikombe vidogo. Uweke kwenye chombo chenye kifuniko kinachobana, uandike juu yake neno POMBE kwa herufi kubwa, na kama friza haina kufuli, mwaga kilichobaki usiku huohuo kabla hujalala.