Si lazima umiliki kamera ya 8K ili upige filamu ya sinema

Kuna ujumbe usioisha kuzunguka kwenye magrupu: eti mpiga picha wa filamu huru asiyemiliki kamera ya 8K (inayorekodi picha yenye upana wa pikseli, yaani vidoti vya picha, takriban 8000) hawezi kutoboa, kwa sababu kazi yake haitakubalika sinema. Si kweli.

Kiwango cha kidijitali cha kumbi za sinema kina ngazi mbili: 2K, yaani pikseli 2048 kwa 1080, na 4K, pikseli 4096 kwa 2160. 8K haimo. Na kumiliki? Wengi hukodi kamera kwa siku za kupiga tu.

Jaribu mwenyewe kwa simu. Mrekodi mtu akiwa chini ya taa ya dari; macho yatafunikwa na vivuli. Zima taa, msogeze dirishani mwanga umpate ubavuni. Uso unapata umbo, na simu ni ileile. Kazi ya mpiga picha ni hiyo hasa: mwanga, lenzi, mahali pa kuweka kamera.

Watu huchanganyikiwa kwa sababu namba ni rahisi kulinganisha, mwanga si rahisi. Tena 8K ina faida yake, mfano kukata sehemu ya picha wakati wa kuhariri bila kupoteza ubora. Ila faida si sharti, na prodyuza mwenye bajeti ndogo anayeamini ujumbe huu huishia kubana fedha za sauti na taa.

Ukiupata tena, tafadhali usiusambaze. Muulize aliyeutuma: projekta itakayoonyesha filamu hiyo ina pikseli ngapi?