Je, wajua? Buibui wa Ziwa Victoria hunywa damu ya binadamu bila kumuuma mtu

Hakuna buibui anayeweza kufyonza damu ya mtu. Hata hivyo, kando ya Ziwa Victoria, upande wa Kenya na Uganda, yupo mmoja mdogo sana ambaye hapendi chakula kingine kama anavyopenda damu, ikiwemo yetu. Anaipataje? Humwacha mbu akuume kwanza, ashibe, kisha yeye anamla mbu.

Wataalamu humwita Evarcha culicivora. Ni wa ukoo wa buibui warukao, wale wasiotega utando wa kunasia wadudu. Bila shaka umewahi kuwaona ndugu zake mchana ukutani karibu na dirisha: anakwenda hatua mbili tatu, anasimama, anageuka mwili mzima kukutazama, kisha ghafla anamrukia nzi. Ukoo huu una aina zaidi ya 6,000, na hakuna ukoo mwingine wa buibui duniani unaoufikia kwa wingi. Huyu wa ziwani ana urefu wa milimita tano hivi, na dume ana uso mwekundu. Alipewa jina lake la kisayansi mwaka 2003. Miaka miwili baadaye, watafiti Robert Jackson, Ximena Nelson na Godfrey Sune walitangaza habari ya chakula chake, baada ya utafiti uliofanyika katika kituo cha ICIPE, taasisi ya utafiti wa wadudu, kilichopo Mbita, magharibi mwa Kenya. Kabla ya hapo hakuna aliyekuwa amethibitisha kwamba kuna mnyama anayewinda kwa kuangalia windo lake limekula nini.

Kwa nini basi asituume mwenyewe? Mbona jamaa zake wanaweza? Kupe na papasi, na hata utitiri wanaosumbua kuku, wako katika kundi moja na buibui na nge, kundi la wanyama wa miguu minane. Kupe ana kidomo chenye vijiba vilivyoelekea nyuma. Akikizamisha kwenye ngozi hang'oki kirahisi, na anaweza kukaa hapo siku kadhaa akifyonza. Buibui hana kifaa hicho. Meno yake kazi yake ni kumchoma mdudu na kumtia sumu. Kisha humtemea majimaji ya kuyeyusha nyama na kunywa kinachotoka, kwa sababu buibui hatafuni wala hamezi vipande. Kwa ngozi ya binadamu, meno ya buibui wa milimita tano hayana faida. Mwenye sindano ni mbu jike, na yeye ndiye hutumwa dukani, kwa namna ya kusema, bila kujua kwamba mwenye mzigo anamsubiri ukutani.

Sasa fikiria ugumu wa kazi yenyewe. Ziwa Victoria lina wadudu wadogo wasiouma wanaozaliwa majini kwa mamilioni. Nyakati nyingine huinuka juu ya maji kama moshi mweusi, na jioni hujaa kwenye taa na kuta za nyumba. Wengi wanafanana na mbu kiasi kwamba wewe na mimi tungeshindwa kuwatofautisha bila kusogeza uso. Katika umati huo mbu ni wachache. Kati ya hao, dume hanywi damu kabisa, na jike naye huenda bado hajapata kitu. Buibui anatakiwa amtoe mmoja tu: mbu jike aliyetoka kula.

Jibu la kwanza liko machoni. Buibui mrukaji ana macho manane. Sita hushughulika na chochote kinachotikisika pembeni na nyuma. Mawili makubwa ya mbele ndiyo ya kutambua: kila moja lina umbo la bomba, lenzi iko mbele na retina, sehemu inayopokea picha, iko mwisho kabisa, na misuli huisogeza retina hiyo huku na huku ili kukikagua kitu sehemu baada ya sehemu. Ndiyo maana lazima akugeukie ili akuone vizuri.

Watafiti walitaka kujua anakagua nini hasa. Waliwasimamisha mbu waliokufa katika mkao wa mbu hai, wakampa buibui achague. Alimwendea aliyejaa damu na kumwacha aliyelishwa sukari. Baadaye, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2012, Nelson na Jackson walitengeneza mbu wa kuunganisha, mwenye mwili wa jike mwenye damu lakini vipapasio vya dume, ambavyo vina manyoya mengi. Tumbo jekundu peke yake halikumridhisha buibui. Alipendelea mbu mwenye tumbo jekundu na vipapasio vyembamba vya jike, yaani alikuwa akisoma alama mbili kwa pamoja kabla ya kuamua. Hiyo ni hesabu kubwa kwa kichwa kidogo kuliko punje ya mtama.

Na hategemei macho tu. Akiwekwa mahali asipoona kitu, hewa ikapitishwa kwake kutoka kwenye chombo chenye mbu walioshiba damu, anaifuata harufu hiyo.

Mimi kinachonishangaza zaidi ni watoto wake. Kitoto kilichotoka kwenye yai juzi tu kinajua tayari kumtambua mbu wa Anofelesi, mbu wa malaria, kwa jinsi anavyotua: kichwa chini, tumbo limeinuliwa juu. Mbu wengine wengi hutua mwili ukiwa sambamba na ukuta. Kitoto huzunguka kwa nyuma polepole, kikaingia chini ya lile tumbo lililoinuka, kisha kikaruka juu na kung'ata. Mbu ni mkubwa kuliko chenyewe, kwa hiyo huweza kuruka nacho hewani kikiwa kimening'inia. Hakimwachii. Sumu ikishafanya kazi wanaanguka wote wawili, na kitoto kinaanza kula.

Damu ina kazi nyingine tena, ya kutafuta mwenzi. Fiona Cross, Jackson na Simon Pollard walionyesha mwaka 2009 kwamba buibui aliyekula mbu wenye damu hupata harufu inayowavutia wenzake wa jinsia nyingine, madume kwa majike. Aliyelishwa wadudu wengine, hata akiwa na afya nzuri, havutii kiasi hicho. Buibui hawa huvutwa pia na harufu ya lantana na ya mbarika, mimea inayoota kwa wingi maeneo hayo.

Mwaka 2011 Cross na Jackson wakajaribu jambo ambalo wengi wetu tungeona aibu kulipendekeza: soksi. Waliweka soksi zilizovaliwa upande mmoja na soksi safi upande mwingine, na buibui wakakaa zaidi kwenye harufu ya miguu ya watu. Ina mantiki, kwa sababu mbu wa malaria naye huifuata harufu hiyohiyo. Alipo mtu, mbu aliyeshiba hayuko mbali.

Je, anaweza kutusaidia dhidi ya malaria? Mbu akimuuma mgonjwa, vimelea huhitaji siku kumi au zaidi kukomaa ndani yake kabla hajaweza kumwambukiza mtu mwingine. Katika siku mbili tatu za kwanza baada ya kula, mbu hupumzika akisaga damu ili atengeneze mayai, na Anofelesi wengi hupumzika ukutani ndani ya nyumba. Upuliziaji wa dawa ukutani unategemea mapumziko hayo. Buibui huyu anategemea mapumziko hayohayo, tena anamlenga mbu aliyekwisha kunywa damu, ambaye akiachwa ndiye angeweza kuupeleka ugonjwa mbele.

Lakini kumfuga kwa wingi na kumsambaza vijijini si rahisi. Buibui warukao hulana wakiwekwa pamoja, na huyu anajulikana kutoka eneo la Ziwa Victoria pekee. Chandarua hakina mbadala hapo. Anachoweza kufanyiwa ni kuachwa. Anayeishi kando ya ziwa na kumkuta buibui mdogo anayerukaruka ukutani hana sababu ya kumpondaponda kwa kandambili. Dawa ya kupulizia haichagui, humuua yeye pamoja na mbu aliokuwa anawawinda.